Sauti Nje ya Picha

Kwa miaka tisa nilimhusudu mwanamke aliyenitendea wema mtupu. Nasema husuda, sisemi wivu, maana wivu una haki zake: mtu huona wivu juu ya kilicho chake, mke, mume, shamba, kiti cha babaye. Husuda haina haki yoyote. Husuda ni kumtazama mwenzio anakunywa maji na kuhisi koo lako linakauka, ilhali mtungi umejaa na kata umepewa. Wahenga walisema hasidi hana sababu. Mimi nilikuwa nazo. Nilizipanga kichwani, nikazifuta vumbi kila asubuhi, na kila asubuhi nilizikuta zimeongezeka.

Jina lake Frauke Tiedemann. Kazi yake ilikuwa kuandika filamu za hali halisi, zile zisizo na waigizaji, ambamo watu wenyewe hukaa mbele ya kamera wakasema yaliyowapata, na mwandishi ndiye anayeamua nani aulizwe, aulizwe nini, na maneno gani yasomwe juu ya picha. Nchi ilikuwa Ujerumani, ile ya magharibi, miaka ishirini na ushei baada ya vita. Mji sitautaja. Nimejaribu mara nyingi, na kila nikiandika jina lake mji hubadilika: mto huhamia upande wa pili, kanisa lililokuwa halina paa huota paa. Itoshe kusema kwamba pembezoni palikuwa na vilima vitatu vya majani mabichi, na Jumapili familia zilikwenda kukaa huko na vikapu vya chakula. Ilinichukua mwaka mzima kujua kuwa havikuwa vilima. Zilikuwa nyumba. Baada ya mabomu watu waliuzoa mji wao uliovunjika, wakaurundika nje, wakaufukia kwa udongo, wakapanda nyasi. Watoto waliteleza wakicheka juu ya vyumba vya kulala vya watu.

Mimi ni Athanasi Nampoto, mtu wa Ndanda, kusini ya Tanganyika. Kijerumani nilikipata kwa mapadre wa misheni, nacho kikanipeleka chuoni kwao, na chuo kikanifikisha kwenye studio ile nikiwa na miaka thelathini na mmoja. Niliajiriwa kuwa mtafiti wa nyaraka. Frauke akitaka kuandika juu ya jambo, mimi ndiye niliyeingia kwenye maghala ya serikali na ya makanisa, nikasoma mafaili, nikamletea kilichofaa. Kwa hiyo niliijua nchi ile kutoka chini ya nyasi zake. Nilijua nani alitia sahihi wapi. Nilijua majina ya mitaa kabla hayajabadilishwa, na baada ya kubadilishwa, na baada ya kurudishwa. Kisha yeye aliichukua karatasi niliyoichimbua, akaipuliza, ikawa hai. Hicho ndicho sikuweza.

Nitasimulia siku moja tu, mtaielewa iliyobaki. Tulikwenda kwenye mji mdogo kutengeneza filamu iliyokuja kuitwa *Gereji*. Nilikuwa nimegundua kwamba gereji ya mtaa wa sokoni ilikuwa zamani sinagogi, nyumba ya ibada ya Wayahudi. Fundi mwenyewe, mzee mmoja mnene mwenye mikono ya grisi, alisimama mbele ya kamera kwa bashasha.

"Hapa palikuwa na nini kabla ya gereji?" Frauke akamuuliza.

"Palikuwa patupu, bibi."

"Patupu vipi?"

"Jengo tu. Lilikaa tu."

Frauke hakusema neno. Alikunja mikono mapajani akamtazama, si kwa ukali, kama vile mtu anavyomngoja mgonjwa ameze dawa. Fundi akatabasamu. Akafuta mikono. Akatazama kamera, akamtazama mpiga picha, kisha macho yake yakapanda yenyewe hadi darini, na sote tukaona kwamba chini ya masizi dari ile ilikuwa imechorwa nyota.

"Tuliambiwa tukachukue viti," akasema hatimaye. "Kwa kuni. Vilikuwa viti vizuri mno kuwa kuni. Kimoja ninacho nyumbani." Akaanza kulia, na mikono yake bado alikuwa anaipangusa kwa kitambaa.

Mimi nilikuwa nimesimama nyuma ya taa. Nililia pia, lakini si kwa ajili ya Wayahudi waliokwenda, wala kwa fundi. Nilililia lile shimo la kimya alilolichimba mwanamke yule kwa kukunja mikono tu. Nikajiuliza swali ambalo sijaliacha mpaka leo: tendo ni mali ya nani? Ya aliyelitenda, ya aliyetendewa, au ya yule aliyelitaja likasikika? Maana fundi yule alikuwa nalo kwa miaka thelathini na halikuwepo. Frauke alilingoja kwa dakika mbili, likazaliwa, likaitwa la Frauke Tiedemann.

Filamu ile ilihitaji sentensi ya mwisho. Yeye alihangaika nayo siku tatu. Mimi niliiandika nikiwa nakunywa chai, nyuma ya bahasha: *Nyumba hazisahau, wenye nyumba ndio wanaopaka chokaa.* Niliifikiria kwa Kiswahili kwanza, kisha nikaigeuza. Frauke aliposoma alikaa kitini.

"Bwana Nampoto, hii nataka iandikwe kuwa yako. Jina lako liwe pamoja na langu."

"Usijali, Bi Tiedemann," nikasema. "Ni neno tu."

Kwa nini nilisema hivyo? Kwetu mtu akikusifu unakataa mara mbili ili akupe mara ya tatu. Yeye alikuwa Mjerumani. Aliamini nilichosema mara ya kwanza. Filamu ilipotoka, jina langu lilikuwa mwishoni kabisa, baada ya madereva. Mwaka uliofuata wanafunzi walijaa barabarani kuwauliza baba zao walifanya nini wakati wa vita, na kwa nini mahakimu wale wale bado wanahukumu na madaktari wale wale bado wanatibu. Nilisimama kando ya njia nikaiona sentensi yangu inapita juu ya kadibodi, imebebwa na msichana wa nywele fupi, na chini yake wino mwekundu: *F. Tiedemann*. Nilimfuata msichana yule mitaa minne. Sijui nilitaka kumwambia nini.

Ikaja filamu ya hakimu aliyekuwa akienda likizo kila mwaka kwenye kijiji alichowahi kukitolea hukumu ya kifo. Ikaja ile ya wakimbizi wa mashariki waliobeba funguo za nyumba ambazo sasa zilikuwa nchi nyingine. Kila moja ilimpa Frauke tuzo na matusi, na matusi yalimpendeza kuliko tuzo. Mimi niliandika za kwangu. Nilimpelekea mkuu wa studio, Bwana Krahl, mtu mpole mwenye koti la sufu, andiko juu ya vile vilima vitatu. Alilisoma lote. Sikuweza hata kumchukia kwa uvivu.

"Umeandika vizuri sana," akasema. "Lakini mtazamaji atauliza, huyu yanamhusu nini? Ni kama mtu anayechungulia dirishani kwa jirani. Mbona hutuandikii ya kwenu? Mito. Wanyama. Ngoma."

"Kwetu pia nchi hii ilipita, Bwana Krahl. Babu yangu alinyongwa na jeshi lenu, baada ya Maji Maji."

"Hayo ni ya zamani mno."

"Miaka sitini. Haya anayoandika Bi Tiedemann yana thelathini."

Alinitazama kwa huruma ya kweli. "Mtazamaji hatayaelewa," akasema.

Basi hiyo ndiyo ilikuwa hali yangu. Ya kwao sikuruhusiwa kuyasema kwa kuwa si yangu. Ya kwangu hayakusemeka kwa kuwa si yao. Na pale katikati alikuwepo Frauke, aliyezaliwa juu ya rundo la hatia lenye rutuba, akilima anapotaka. Nilimhusudu hata aibu yake. Aibu yake ilikuwa na hadhira. Wakati mwingine nikiandika rasimu zake nilijisahau, nilitumia "sisi" yake, baba zetu, shule zetu, mabomu yetu, na simu ikilia nikaitikia "Tiedemann." Mama mmoja wa kijiji aliongea nami robo saa akidhani mimi ndiye F. Tiedemann, hakujua kuwa ni mwanamke, akanishukuru kwa filamu zangu. Sikumkatiza. Nilipokata simu nilitazama mlangoni kama mtu aliyetoka kuzini.

Sasa nifike kwenye faili.

Frauke alitaka kuandika juu ya shule. Wakati wa vita utawala ule uliwachukua watoto wenye vilema na wazito wa kujifunza, ukawapeleka kwenye hospitali ambazo hawakutoka. Mtu alilazimika kuwaorodhesha kwanza, na Frauke alitaka kujua nani. Nikaenda kwenye ghala la nyaraka la wilaya moja ya kaskazini. Ilikuwa asubuhi ya jua, madirisha yamefunguliwa, na nje mtu anakata majani. Nilifungua faili la saba au la nane. Ndani yake palikuwa na barua ya mwalimu mkuu wa shule ya msingi, ukurasa mmoja, iliyoandikwa kwa mkono. Majina kumi na matatu. Mbele ya kila jina sababu kwa maneno machache. *Anaanguka kifafa. Hasemi. Haelewi maagizo.* La mwisho lilikuwa la msichana: *Ottilie Brandes, miaka minane. Mchangamfu, huimba, lakini hawezi kufundishika.* Mwandiko ulikuwa mzuri kuliko wote niliowahi kuona kwenye mafaili. Sahihi: *E. Tiedemann*.

Mzee Ehrenfried Tiedemann, baba yake Frauke, nilimjua. Nilikuwa nimekula keki ya plamu nyumbani kwake mara mbili. Aliwahi kunichorea kwa penseli ramani ya pwani yetu, kutoka kichwani, Ruvuma mpaka Rufiji, na hakukosea mto hata mmoja. Frauke alimpenda baba yake kwa namna ambayo watoto wa nchi ile, miaka ile, walikuwa wameacha kuwapenda baba zao. "Baba yangu alikuwa mwalimu tu," alikuwa akisema. "Nilibahatika."

Nilikaa na karatasi ile sijui muda gani. Mashine ya kukatia majani ilinyamaza, ikaanza tena, na ilipoanza ilikuwa upande mwingine, au mwaka mwingine. Nilipoinua kichwa, viti vyote vya ghala vilikuwa vimekaliwa na watoto. Nawaambia nilichokiona, sisemi kilikuwepo. Walikaa wameshika kingo za meza, miguu haifiki chini, wote wananitazama usoni kama darasa linalomngoja mwalimu mgeni aseme jina lake. Na mimi, badala ya kuwahurumia, nilihisi furaha. Iliingia miguuni ikapanda. Nilikuwa na kitu ambacho Frauke hana, na kilikuwa chake.

Kama ningekuwa mtu mwema ningempelekea mezani kwake. Ningesema, Bi Tiedemann, kaa chini. Lakini nilijua kitakachofuata, na hapo ndipo penye uoza wangu wote. Nilijua angelia, kisha angefuta uso, kisha angeiandika. Ingekuwa filamu yake kubwa kuliko zote. Hata hilo ningekuwa nimemzawadia.

Nilichukua nakala ya barua ile, na Frauke nilimwambia ghala lile halikuwa na kitu. Kesho yake, saa sita mchana, wenzangu wamekwenda kula, niliandika kwa taipu ya ofisini barua ya mistari minne kwa gazeti, bila jina, nikaitia na nakala ile ndani ya bahasha.

Nilitembea. Sanduku la posta ni la manjano kule. Nililipita. Nikarudi. Mtu mmoja alinisalimu, nikaitikia. Mkono wangu, ule ule alioushika mama nikivuka mto, ule niliopokelea komunyo. Bahasha ilikuwa nyepesi. Nilisema, siyo mimi, ni ukweli. Nilisema, yeye angefanya hivi hivi kwa baba wa mtu mwingine. Nilisema, haki. Nililisema neno haki kwa Kijerumani, kisha kwa Kiswahili, na kwa Kiswahili lilikataa kutoka. Nikaachia.

Gazeti lilichapa sahihi ya mzee na mistari miwili ya barua yake. Majina ya watoto lilizuia kwa heshima ya familia zao, na wakuu wa ghala wakalifunga faili lile siku hiyo hiyo, hata Frauke alipokwenda kuliomba akakataliwa. Kichwa cha habari kilikuwa *Binti wa Orodha*. Wale aliokuwa akiwauliza maswali kwa miaka tisa walicheka kwa sauti. Wanafunzi waliokuwa wakibeba maneno yake walimzomea mlangoni mwa studio. Bwana Krahl aliisimamisha filamu ya shule, kisha baada ya wiki mbili akaniita.

"Tunaendelea nayo," akasema, "ila si kwa jina lake. Wewe unaijua kazi hii kuliko yeyote. Utaiandika wewe."

Nilipewa chumba chake. Nilipewa mpiga picha wake. Nilikwenda kwenye shule tatu nikawakalisha walimu wastaafu mbele ya kamera, nikawauliza, nikakunja mikono mapajani nikangoja. Wa kwanza aliniuliza kama nasikia baridi. Wa pili alitaka kujua kuhusu simba. Wa tatu alikaa kimya nami dakika sita nzima, nami nikidhani sasa, sasa linazaliwa, na mwisho akasema, "Samahani, bwana, nilidhani mashine imeharibika." Kimya changu hakikuwa na kitu ndani yake. Kilikuwa kimya tu.

Wiki ya tano Frauke alikuja. Alikuwa amekonda, nywele amezifunga vibaya. Hakutazama meza yake niliyoikalia.

"Bwana Nampoto, nakwenda kwa baba na kamera. Mpiga picha amekubali kuja siku yake ya mapumziko. Fundi wa sauti amekataa. Unaweza kunishikia maikrofoni?"

"Kwa nini mimi?"

"Baba anakupenda," akasema. "Na sina mtu mwingine."

Tulikwenda Jumamosi, saa nne asubuhi. Mama yake alifungua mlango, akaona kamera, akaingia jikoni akajifungia. Mzee Ehrenfried alikuwa amevaa tai. Alikuwa anatungoja; nadhani alikuwa ametungoja miaka thelathini. Alikaa kwenye kiti cha mkono karibu na dirisha. Mimi nilisimama pembeni, nje ya picha, maikrofoni kwenye fimbo ndefu juu ya kichwa chake, mabega yakiniuma.

"Baba," Frauke akasema, "sikuja kukuuliza kwa nini."

"Vizuri. Maana kila nikijibu hilo nasema uongo."

"Faili limefungwa. Gazeti halitaji majina. Watoto wale hawamo popote isipokuwa kichwani mwako. Nataka uyataje."

Mzee alitazama mikono yake. Frauke akanyamaza. Kile kimya niliwahi kukiona mara mia, lakini hapo ndipo nilipokiona kinamgharimu yeye; mshipa wa shingo ulikuwa unampiga kama wa ndege aliyeshikwa. Basi mzee akaanza. Aliyataja kama anayeita mahudhurio, jina la ukoo kwanza, kisha jina la mtoto, na baada ya kila jina alitulia kidogo, kana kwamba anangoja sauti iitikie. Mmoja, wawili, watano, tisa. Nami nilikuwa nafuatana naye kimoyomoyo, maana niliyajua yote. Niliyajua kuliko sala. Kumi na mmoja. Kumi na wawili.

Akakwama.

"Kuna mwingine," akasema. "Msichana. Alikaa karibu na jiko la makaa. Alikuwa akiimba wakati wa kuandika, nami nikimkataza." Alifumba macho. "Aliniletea yai siku moja, la kuku wao. Lilikuwa bado la moto. Mungu wangu. Namwona. Ana pengo hapa. Simpati jina."

"Ngoja, baba. Litakuja."

"Halitaki kuja."

"Tungoje."

Tulingoja. Mzee alianza kutikisa kichwa taratibu, midomo ikijaribu herufi moja baada ya nyingine. Machozi yalimtoka na hakuyafuta. Nikamwona mtoto yule amesimama kati yangu na kiti, pengo mdomoni, ananitazama mimi, si mzee. Na nikatambua kwamba akiikosa nafasi hii hataipata nyingine duniani, kwamba kwa mara ya pili ataachwa nje ya mlango na mtu aliyejua. Nilijua bei ya neno lile. Nawaapia nilijua.

"Ottilie," nikasema. "Ottilie Brandes. Miaka minane."

Mzee akashusha pumzi. "Ottilie," akasema. "Ndiyo. Ndiye."

Frauke aligeuka. Hakugeuka haraka. Alinitazama kutoka miguuni, akapanda na ile fimbo ya maikrofoni mpaka juu, akashuka usoni. Kamera ilikuwa bado inazunguka. Kisha akarudi kwa baba yake akamwambia, "Asante, baba," na kazi ikaisha.

Mzee yule hakusema tena na binti yake. Hakumlaani, hakumfukuza, ila kila alipomwona aliondoka kwenye kiti akaingia chumba kingine. Mama yake aliziondoa picha zote za Frauke sebuleni. Mwezi mzima Frauke alikata filamu peke yake, na siku moja alasiri aliniita. Kwenye meza ya kukatia alikuwa anarudisha utepe nyuma, na baba yake kwenye kioo kidogo alikuwa anayameza majina moja moja.

"Ni wewe," akasema. Kijerumani kina "wewe" ya heshima na "wewe" ya nyumbani. Kwa miaka tisa tulitumia ya heshima. Siku ile alitumia ya nyumbani.

"Ni mimi."

"Kwa nini?"

"Kwa sababu ulikuwa na kila kitu."

"Nilikuwa na baba," akasema. Akazima mashine. "Ungeniletea mezani, Athanasi. Ningekushukuru maisha yangu yote."

"Ndiyo maana sikuleta."

Alinyamaza, na safari hii hakuwa anangoja kitu. "Sauti yako imo," akasema. "Mpiga picha anasema niikate, niweke maandishi tu. Sema wewe. Ikae au itoke?"

"Ikikaa watu watauliza ni nani."

"Wataniuliza mimi."

"Iache ikae," nikasema. Sijui kama ulikuwa ujasiri. Huenda ilikuwa husuda ile ile, inayotaka kuwemo hata kwenye aibu.

Niliacha kazi studio. Filamu ilionyeshwa Jumapili moja ya masika, saa nane mchana, kwenye ukumbi wa shule, na mimi nilikwenda nikakaa safu ya nyuma. Watu hawakupiga makofi mwishoni. Walibaki vitini. Bwana Krahl alimpelekea Frauke maua pale mbele, akayapokea kama mtu anayepokea mzigo wa mwenziwe. Ndipo mwanamke mmoja mzee, mfupi, mwenye fimbo, akainuka akamwendea. Ukumbi ulikuwa kimya, kila neno lilisikika.

"Naitwa Wilhelmine Brandes," akasema. "Ottilie alikuwa mdogo wangu. Ile sauti ni ya nani?"

Frauke angeweza kusema, ni ya fundi wa sauti. Alininyooshea kidole. "Yule."

Bibi alipanda njia ya katikati polepole, fimbo ikigonga mbao. Nilisimama. Alinishika mikono yote miwili. Yake ilikuwa mikavu na yenye nguvu.

"Mama alikatazwa kumtaja," akasema. "Kisha akajizoeza kutomtaja. Alikufa bila kumtaja. Ulimjua?"

"Sikumjua, mama."

"Basi jina ulilitoa wapi?"

"Nililiiba," nikasema. "Nililikuta kwenye faili nikaliiba, ili nimuumize mtu."

Nilitegemea aachie mikono. "Yule mwalimu alikuwa nalo miaka yote hii, halali yake," akasema, "na hakunipa." Kisha akasogeza sikio. "Liseme tena. Upande huu nasikia vizuri."

Nikalisema. Akatikisa kichwa. Nikalisema mara ya tatu, na nikamwambia, "Lakini mimi nilitamka tu, mama. Aliyekwenda kuliuliza ni yule pale. Alimuuliza baba yake mzazi."

Bibi Wilhelmine aligeuka akamtazama Frauke juu ya safu za viti. "Najua ni binti wa nani," akasema, bila ukali wowote, na hakwenda. Frauke naye hakuja. Alisimama na maua yake kifuani, anatazama mikono yetu, yangu na ya bibi, jinsi ilivyoshikana. Niliyatambua macho yale. Kwa miaka tisa niliamka nayo. Nilikuwa nimeomba, Mungu anisamehe, siku moja anitazame hivyo.

"Nipeleke nje," bibi akasema. "Kuna hewa nzito humu."

Nilitaka kumwambia Frauke jambo. Nilitaka kumwambia kwamba macho hayo hayashibi, usiyape chakula. Lakini bibi alikuwa ameniegemea mkono wote, na ngazi zilikuwa nyembamba. Nikamshikia mlango, akapita.